Nimeshika bumu miaka tisa, sasa naandika filamu na michezo ya jukwaani: niliyoyakuta upande wa pili

#1 Mshika Bumu

Wakuu, habari za jioni.

Uzi huu ni mrefu, asiye na muda apite tu, hatutagombana. Vijana wa seti wananifuata inboksi kila wiki na swali lilelile: "Braza, umewezaje kutoka kwenye sauti ukaingia kwenye uandishi?" Nimechoka kumjibu mmojammoja, na majibu yenyewe yanabadilika kadiri ninavyozidi kuandika. Bora yakae sehemu moja, wenye kujua zaidi mnirekebishe.

Mimi si mwandishi mkubwa, msinitafute kwenye mabango. Nina filamu fupi mbili ambazo wengi wenu hamkuziona, episodi kadhaa za tamthilia ya televisheni ambamo jina langu linapita kwa spidi ya bodaboda wa Ubungo, na mchezo mmoja wa jukwaani ulionitia adabu. Huo nitauleta chini. Kabla ya hapo miaka tisa nilikuwa mtu wa sauti.

Kwa wasioijua kazi: bumu ni ule mti mrefu wenye maiki mbele, iliyovalishwa manyoya kama paka. Unaushikilia juu ya vichwa vya waigizaji, mikono hewani, mpaka mwongozaji aseme kata. Sini ya dakika tatu ikirudiwa mara nane mabega yanawaka moto, na kukohoa huruhusiwi. Kwenye chakula unaitwa wa mwisho, wa mwisho kabisa akiwa dereva.

Ila mtu wa sauti ana kitu ambacho pale seti hana mwingine, hata prodyuza: hedifoni. Waigizaji wakuu tunawabana kale kamaiki kadogo kifuani, na baada ya nusu saa wanakasahau. Unamsikia nani hajalipwa, nani kanuna, nani anasoma dua kabla ya teki. Hiyo ni amana, huisemi. Lakini masikio hayana kifuniko.

Sasa siku yenyewe. (Mhusika nimemwomba ruhusa, na baadhi ya mambo nimeyageuza asitambulike.) Tulikuwa Mbagala, mwezi wa nne, nyumba ya bati lisilo na dari. Mnaijua Aprili ya Dar. Mvua ikishuka kwenye bati, sauti imekufa, wote mnakaa chini kusubiri. Sini ilikuwa ya mama ambaye kijana wake ameuza kiwanja cha familia. Skripti ilimtaka aseme hivi, na nimeshika karibu neno kwa neno maana niliisikia mara kumi na moja: "Mwanangu, umenivunja moyo sana. Yaani umeuza kiwanja alichotuachia marehemu baba yako bila hata kunishirikisha mimi mama yako mzazi?" Mama ni mwigizaji wa siku nyingi, machozi yanatoka ya kweli. Seti nzima imeridhika.

Mvua ikaanza, tukasimama. Yule mama akaenda nyuma ya jiko, akakaa juu ya ndoo iliyopinduliwa, maiki bado iko kifuani, akampigia mwanawe wa kumzaa. Kumbe kijana alipewa hela ya ada akaimaliza kwenye mikeka ya mpira. Mkono wangu ulikuwa unaenda kuzima, lakini ulichelewa. Nilitegemea kusikia kelele. Mama akanyamaza, muda mrefu, mvua inapiga bati. Halafu akasema: "Umekula?" Akasikiliza. Akasema tena: "Ufunguo upo kwa Mama Shani." Akakata simu.

Maneno sita, wakuu. Sijawahi kusikia mtoto akichapwa vile.

Mvua ikakata, akarudi kwenye nafasi yake, akalia upya, "Mwanangu, umenivunja moyo sana." Kata, safi sana, tunahamia sini nyingine. Usiku huo kwenye daladala nikayaandika yale maneno sita nyuma ya karatasi tunayoandikia namba za teki. Sikuwa na hadithi wala mhusika, nilikuwa na hayo tu, na hasira kwamba yalikuwa mita nne kutoka kwenye kamera na hakuna aliyeyarekodi.

Naenda kula, nakuja na makosa niliyoyafanya.

#2 Kijiwe Nongwa

Nimekaa paleee na kahawa yangu na kashata. Endelea mkuu.

#3 Mshika Bumu

Nimerudi.

Kosa la kwanza: nilidhani kwa kuwa naijua seti basi naijua skripti. Ya kwanza ilikuwa na kurasa 140. Skripti ikipangwa inavyotakiwa, ukurasa mmoja unakadiriwa kuwa dakika moja ya filamu, kwa hiyo mimi mgeni nilikuwa nimewaandikia watu saa mbili na dakika ishirini. Na imejaa "kamera inasogea taratibu kutoka kushoto", "sauti ya treni inasikika kwa mbali kisha inafifia". Nilifanya kazi ya kameramani, ya mwongozaji na yangu mwenyewe ya zamani. Ya mwandishi ndiyo sikuigusa. Nilimpa dada mmoja anayeandika tamthilia, akairudisha na mstari mmoja tu juu: "Taa imekaa wapi najua. Huyu mtu anataka nini sijui."

Kosa la pili limenichukua miaka kuliona, kwa sababu lilikuwa linasifiwa. Nilikuwa naandika kwa kalkuleta. Sisi watu wa nyuma ya kamera kila sini tunaiona gharama yake kabla hatujaiona yenyewe. Usiku nje, nahesabu mafuta ya jenereta. Nyumba ya Kipunguni, ndege zitatukata kauli kila baada ya muda. Jirani na msikiti, nazipangia adhana ratiba. Harusi ya watu themanini, basi watu themanini watakula, na wengine watabeba. Kwa hiyo nikawa naandika watu wawili, sebuleni, mchana. Prodyuza wakanipenda balaa: "Huyu jamaa anaandika vitu vinavyoshutika." Kuna filamu yangu moja ambamo sofa la kona limeonekana zaidi ya mhusika mkuu.

Siku hizi rasimu ya kwanza naiandika kama tajiri. Fundi aliyeko ndani yangu namruhusu kuingia kwenye ya tatu, na akiingia hapo anakuwa wa maana, kwa sababu anakuja kutafuta njia badala ya kuja kukataza. Mfano: nilikuwa na mwanamke anayemkimbia mume, anavuka kwenda Kigamboni. Nilishaifuta ile sini, nani atakodi pantoni? Baadaye nikakaa nikafikiri kama mtu wa sauti. Simhitaji juu ya pantoni. Namhitaji kwenye foleni, kabeba begi, watu wamemziba, geti linafungwa, honi inalia, na yeye yuko upande huu. Honi ninayo kwenye maktaba yangu ya sauti toka zamani. Sini ikashutiwa kwenye uzio wa godauni, na nimeulizwa mara mbili tulipataje kibali cha feri.

#4 Bi Kontinyuti

Kaka Mshika Bumu, hapo kwenye "wa mwisho kwenye chakula" umenikumbusha mbali.

Mimi nilikuwa kontinyuti. Kazi yangu ilikuwa kukumbuka kilemba kilifungwa upande gani, juisi kwenye glasi ilikuwa nusu au robo, jasho lilifika wapi. Watu walikuwa wananiona nina gubu. Sasa nipo mwaka wa nne naandika tamthilia ya televisheni, na nilichukuliwa kwa gubu hilohilo.

Niwaeleze kinavyokwenda chumba cha waandishi, maana wengi mnadhani mtu anajifungia na laptopu na kikombe cha chai. Kuna mwandishi mkuu, ndiye mwenye ramani ya msimu mzima: nani anazaa na nani, nani anakufa, siri ya wosia inatoka lini. Tunakaa mezani tunagombana, tunavunja kila episodi kwa sini zake, mstari mmoja mmoja, bila mazungumzo. Hiyo ikipita ndipo tunagawana, wewe episodi ya 41, mimi ya 42. Mazungumzo yanaandikwa mwisho kabisa, na ukileta maneno matamu ambayo hayabebi hadithi yanakatwa mbele yako ukiwa umekaa. Mwezi wa kwanza nililia chooni.

Tangu chaneli kama Maisha Magic Bongo na Sinema Zetu zianze kuonyesha tamthilia za kwetu, skripti imekuwa chakula cha kila siku. Enzi za DVD za Kariakoo nilifanya kazi kwenye filamu ambazo skripti ilikuwa kichwani mwa mwongozaji, asubuhi anawakusanya waigizaji anawaambia, "Wewe umemkuta mumeo na shoga yako, haya, tuone." Na walikuwa wanaweza! Ila episodi mia moja huwezi kuziendesha hivyo. Mhusika aliyesema kwenye ya 12 kwamba hana ndugu hawezi kupata dada kwenye ya 90. Anapata, lakini ujiandae, maana watazamaji wetu wana kumbukumbu kuliko mahakama.

Kwa hiyo wadogo zangu wa mavazi, wa kontinyuti, wa vifaa vya seti: msianze kwa kupeleka skripti nzima. Omba kusoma skripti zao na kuwaonyesha mapungufu, kwa adabu. Mimi niliingia kwa karatasi moja yenye makosa kumi na saba ya msimu mmoja, na mbele ya kila kosa nimeandika jinsi ya kuligeuza liwe hadithi. Dada aliyetokea ghafla? Basi mama aliwahi kumficha. Episodi sita hizo.

Machungu pia yapo. Kuna kazi moja, siitaji, niliandika episodi kumi na tatu. Majina yalipopita mwishoni nikajikuta nimeandikwa "Mavazi".

#5 Kijiwe Nongwa

Mavazi 😂😂😂 Dada, angalau hawakuandika "Chakula".

#6 Chuma Ulete

Mnawadanganya vijana. Mimi ni fundi taa, nafanya matamasha, harusi, matangazo, filamu mara mojamoja. Nikifunga taa jioni naondoka na changu mfukoni. Mwandishi anaambiwa "subiri tuuze kwanza". Wameuza lini? Nina rafiki kaandika filamu tatu, bado anapanga chumba kimoja Manzese. Mwenye mikono yake aitumie, kalamu waachieni wenye wazazi Masaki.

#7 Mshika Bumu

Chuma, sikubishii. Mimi bumu sijaiacha mpaka leo. Mwezi huu nina siku tisa za bumu, ndizo zinazolipa kodi. Naandika kuanzia saa kumi na moja alfajiri mpaka saa moja na nusu, kabla mtoto hajaamka na kabla jirani hajafungulia redio. Anayetaka kuacha kazi kwanza ndipo aandike, mimi simo.

Ila ujue kitu kimoja: kushika bumu kunanilipa mara mbili. Nikikaa nyumbani wiki tatu bila kwenda seti, mazungumzo yangu yanaanza kufanana na taarifa ya habari.

#8 Wakili wa Uswazi

Naomba niingilie hapo kwenye "subiri tuuze kwanza" na kwenye "Mavazi".

Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999 inalinda kazi, hailindi wazo. Ukimwambia mtu kijiweni, "Nina stori ya konda aliyeokota begi la hela," na yeye akaandika yake, huna kesi. Ukiwa umeiandika, sini kwa sini, una kitu mkononi. Ulinzi unaanza kazi inapokuwepo, lakini nenda COSOTA, ofisi ya hakimiliki, ukaisajili. Siku ya ugomvi, karatasi yenye tarehe inaongea vizuri kuliko shangazi yako aliyekuona ukiandika. Jitumie pia kila rasimu kwa barua pepe, haigharimu kitu.

Mkataba uwe na mambo haya hata kama umeandikwa kwa mkono kwenye daftari la msingi: umelipwa kiasi gani ukikabidhi rasimu ya kwanza, kiasi gani ukikabidhi ya mwisho, marekebisho ni mangapi kabla hawajakulipa tena, jina lako litaandikwaje na wapi, na wanachonunua ni nini. Hilo la mwisho ndipo watu wanapozama. "Nimeuza skripti" maana yake nini? Filamu moja? Na tamthilia itakayotokana nayo? Na mchezo wa jukwaani? Kama hamkuandika, mtakumbuka tofauti.

Halafu kuna Bodi ya Filamu. Sheria yake ya mwaka 1976 inaitwa Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza, kwa hiyo hata nyinyi wa jukwaani imo ndani. Skripti inatakiwa wakati wa kuomba kibali. Nimeona watu wanaandika skripti ya Bodi usiku mmoja kabla ya kupeleka, halafu wanashuti kitu kingine kabisa. Hao ndio wateja wangu.

#9 Dogo Janja wa Gongo la Mboto

Mimi nina stori ya maisha yangu, ikitengenezwa filamu Tanzania nzima italia. Nimpelekee nani?

#10 Bi Kontinyuti

Mdogo wangu, iandike kwanza hiyo siku moja mbaya kuliko zote. Siku moja tu, si maisha yote. Halafu uje.

#11 Dogo Janja wa Gongo la Mboto

Siku moja haitoshi dada, kuna na ya hospitali.

#12 Mshika Bumu

Dogo, anza na ya hospitali.

Sasa jukwaa, nililoahidi.

Baada ya zile filamu fupi nikajiona naweza. Kikundi kimoja cha marafiki kikapata nafasi ya kuonyesha mchezo kwenye ukumbi mdogo Upanga, nikasema naandika mimi. Nikaandika nyumba ya kupanga, vyumba vinane, LUKU moja, ile mita ya umeme wa kulipia kabla. Nikatia sini ishirini na mbili: chumbani kwa fulani, sokoni, baa, polisi, chumbani tena. Kwenye filamu unakata tu unahamia. Jukwaani, wakuu, kukata maana yake taa zinazimwa, vijana wawili wanapita na meza gizani wanagonga kitu, mwigizaji anavua gauni anavaa kanga na kifungo kimekwama, na watazamaji wanatoa simu. Mara ishirini na moja. Siku ya kwanza nilikuwa nimekaa nyuma, nikawa naona skrini za simu zinawaka kama Kariakoo usiku.

Mwongozaji wetu, mtu mpole sana, aliniambia baada ya onyesho: "Umeandika filamu, ukaivalisha kanzu."

Tulikuwa na wiki tatu kabla ya onyesho la pili. Nikafuta soko, baa, polisi na vyumba vyote. Nikabakiza korido. Mnaijua ile korido ya nyumba zetu, milango huku na huku, choo na bafu mwisho uani, mita ya LUKU ukutani. Kila mtu lazima apite pale. Mwenye deni lazima apite mlangoni kwa mdai akienda kuoga, amejifunga taulo. Nilikuwa natafuta njia za kuwakutanisha watu, kumbe nyumba yenyewe ilishawakutanisha.

Halafu nikawa na hasira na lile giza. Nikajiambia, kama giza ni adui, basi liwe moja tu na liwe la kwao. Umeme unaisha katikati ya mchezo. Mpangaji mmoja, Bi Saumu, ndiye aliyenunua umeme, tokeni iko kwenye simu yake. Tarakimu ishirini. Anasimama gizani mbele ya mita na kijana anayebonyeza, anamsomea tarakimu mojamoja, na anakataa kuendelea mpaka mwenye friji aseme ukweli, mwenye pasi aseme ukweli, na anayetoka na mume wa mtu aseme ukweli. Tarakimu ya kumi na saba kijana anakosea kubonyeza, inabidi waanze upya. Ukumbi ulipiga kelele kama goli.

Kuanzia "umeme umeisha" mpaka mwisho jukwaa lilimulikwa na tochi za simu za waigizaji wenyewe. Fundi taa wetu alikaa kwenye meza yake amekunja mikono, akaniambia ndiyo siku aliyofanya kazi ngumu kuliko zote, kwa sababu ilibidi awafundishe watu sita kumulikana usoni bila kuumizana macho.

#13 Chuma Ulete

Hiyo ya tochi za simu nimeielewa. Tatizo la simu ni mwanga kutoka chini, mtu anakuwa kama jini. Ungewaambia wamulike ukuta mweupe, urudi usoni. Au kanga nyeupe ya mtu ikiwa imeanikwa koridoni.

#14 Mshika Bumu

Chuma, hujui ulichonipa. Kanga iliyoanikwa koridoni inaingia kwenye mchezo kesho.

Na wewe ulisema kalamu tuwaachie wa Masaki.

#15 Mtu wa Bagamoyo

Nimesoma kimyakimya, naomba niongeze kidogo.

Mimi nilisoma sanaa Bagamoyo kabla chuo hakijawa TaSUBa mwaka 2007, nikawa meneja wa jukwaa miaka mingi. Hilo tatizo la sini ishirini na mbili naliona kwa kila anayetoka kwenye kamera. Dawa mojawapo ipo nyumbani kwetu, ni mtambaji. Penina Muhando kwenye mchezo wake *Nguzo Mama* ana Bi Msimulizi, na mtu wa aina hiyo akisema "ikapita miezi mitatu", imepita. Hakuna meza iliyobebwa. Hadithi zetu za jioni hazikuwahi kuhitaji kuzima taa ili kuhama kijiji. Wenzetu mliokulia kwenye filamu mnaona aibu kumtumia, mnadhani ni ushamba.

Na kwa anayedhani mtu wa nyuma ya pazia anaingia kwa kudandia: Henrik Ibsen, mwandishi wa michezo wa Norwei, kabla ulimwengu haujamjua, alifanya kazi kwenye ukumbi wa Bergen kuanzia 1851 mpaka 1857, anashughulika na maonyesho ya michezo ya watu wengine. Alijifunzia pale mlango unafunguliwa lini.

Swali kwa mleta uzi: wakati Bi Saumu anasoma tarakimu, yule mwenye chumba cha mwisho yuko wapi? Nilikuja onyesho la pili. Aliingia bafuni mwanzoni na hakutoka mpaka mwisho. Sisi mameneja wa jukwaa tunahesabu watu.

#16 Mshika Bumu

Mzee wangu, nimecheka mpaka mke wangu ameamka. Nilimsahau bafuni. Maonyesho mawili mtu yuko bafuni, na yeye mwenyewe hakusema, alidhani ni makusudi.

#17 Mzee wa Kokoto

Vijana, hamjambo. Mjukuu ndiye kanifungulia huu mtandao.

Mimi nilikuwa fundi mitambo redioni, nikipiga sauti za michezo ya kuigiza. Kokoto kwenye sinia, mtu anatembea. Kitasa cha mlango kilichopigiliwa kwenye kipande cha ubao, mtu anaingia. Kitambaa cha khanga mpya ukikikung'uta karibu na maiki, mwanamke ameinuka kwa hasira. Baadaye wakubwa wakaniomba niandike, kwa kuwa mwandishi alikuwa haji.

Mwanangu Mshika Bumu, giza lako hilo ni redio. Watu wakiwa gizani wanasikia kama walivyokuwa wanatusikiliza sisi. Kwa hiyo angalia hodi. Waandishi wengi wakitaka mtu aingie wanaandika "hodi", wanaendelea. Hodi haziko sawa. Mdai habishi hodi, anagonga mara tatu kavu na kunyamaza. Mama mkwe anasema hodi akiwa ameshavuka kizingiti. Mpangaji mgeni anapiga hodi chini kwa chini, halafu anakohoa. Mwenye nyumba anaita jina la mtoto wako. Mume aliyelala nje anabisha kwa kucha. Msikilizaji alitakiwa amjue mtu kabla hajataja jina, na kama hakumjua, tulirudia mpaka saa nane usiku.

Nikiandika nilikuwa nafanya hivi: nasoma maneno yote kwa sauti nikiwa nimempa mke wangu mgongo, yeye anapepeta mchele. Akiacha kupepeta, nimepatia. Akiniuliza "nani huyo sasa anaongea?", nachana.

#18 Bi Kontinyuti

Shikamoo mzee. Hiyo ya kupepeta mchele naipeleka mezani Jumatatu, atakayebisha nimpe ungo.

#19 Mzee wa Kokoto

Marahaba binti yangu.

#20 Mshika Bumu

Shikamoo mzee wangu. Nimekwenda kufungua skripti sasa hivi, ukurasa wa tatu tu nina "hodi" nne, zote pacha. Naanza nazo kesho alfajiri. Na yule wa bafuni nimempatia kazi: ndiye anayebisha kutokea ndani.

#21 Kijiwe Nongwa

Mkuu, kahawa imeisha lakini swali langu ninalo toka mwanzo. Yule mama wa "Umekula?", ulimwambia ulimsikia?

#22 Mshika Bumu

Nilimwambia, baada ya miaka miwili. Nilikuwa nimeshaandika filamu fupi iliyotokana na yale maneno sita, nikaona siwezi kumpa mtu yeyote kabla yake. Nikamfuata kwake Temeke na skripti kwenye bahasha, nikamweleza yote, mvua, ndoo, maiki. Nilikuwa nimejiandaa kufukuzwa.

Akanyamaza kama siku ile. Akavaa miwani, akasoma kurasa zote kumi na mbili pale pale barazani, kidole kikifuata mistari, mimi nimekaa kwenye mkeka natazama kuku. Alipomaliza akazipanga karatasi vizuri, akairudia ya mwisho, akanitazama juu ya miwani.

"Sasa huyu mtoto," akasema, "alikula?"

Sikuwa nimeandika. Nilirudi nyumbani nikaongeza ukurasa wa kumi na tatu.